Jicho la Kushoto

Hii ni hotuba niliyoitoa Jumamosi mbele ya vijana, wazazi na walimu hapa Mwanza. Wengi mliniandikia kwamba mvua iliwazuia kufika. Naiweka yote kama nilivyoisema, isipokuwa picha nilizoonyesha ukutani.

Mwangaluka!

Naona wazee wameitika salamu yetu ya Kisukuma na vijana mmetazama simu. Haidhuru, tutaelewana mbele ya safari.

Waheshimiwa wazazi, walimu, vijana wangu, na mama zangu wa soko la Mwaloni mlioacha meza zenu asubuhi hii kuja kunisikiliza, asanteni. Mimi ni mtoto wa Igogo. Mama yangu aliuza dagaa Kirumba mpaka miguu ilipomgomea. Kazi yangu ni kushika kamera. Sitangazi, sihariri, siongozi filamu. Nashika kamera. Nimeishika kwenye filamu za hali halisi, na nimeishika kwenye vile vipindi vya mashindano ambavyo watu wanafungiwa nyumba moja halafu sisi tunasubiri wagombane. Mwenyekiti aliniomba nizungumzie siri ya mafanikio. Mwenyekiti, unisamehe, mafanikio niliyonayo hayatoshi kujaza nusu saa. Nitazungumzia jicho.

Hebu fumbeni jicho la kushoto. Wote. Hata wewe mwalimu, fumba. Nitazameni mimi tu. Haya, fumbueni. Nani kati yenu amemwona kijana aliyepita ukutani hapo kushoto kwenu akiwa amebeba kreti ya soda? Hakuna? Kreti nzima ya soda, na jua hili la Mwanza, na hakuna aliyeiona!

Mwaka 2006 nilianza kazi kwa mzee mmoja aliyekuwa na studio ya video za harusi: chumba kimoja, pazia la bluu, kamera mbili za kanda ndogo. Siku ya kwanza alinikabidhi kamera, nikabana jicho la kulia kwenye kile kitundu cha kuchungulia na la kushoto nikalifumba, kama mtu anayelenga bunduki. Akanipiga kofi dogo la kisogo. "Binti, la kulia ni la mteja. La kushoto ni lako. Ukilifumba, umebaki na mteja peke yake."

Sikumwelewa. Nilimwelewa mwezi wangu wa tatu kazini, kanisani. Jicho la kulia lilikuwa kwenye pete. La kushoto likamwona baba wa bibi harusi, nyuma kabisa karibu na mlango, anavaa na kuvua kofia, anavaa na kuvua. Nikasubiri pete iingie kidoleni, nikageuka polepole, nikampata. Familia ile ilirudi studio mara tatu kuomba nakala, na hakuna aliyeulizia pete.

Vijana wangu, msiidharau harusi. Wengi mnataka kuanzia kwenye filamu ya kwenda Ulaya. Harusi ndiyo shule. Pete haivishwi mara mbili, na huwezi kumwambia padri arudie. Wala hujui nani atalia. Kupiga picha za jambo lisilokungoja, ndiyo kazi yangu yote. Mengine ni uzito wa mabegi.

Sasa niwapeleke kisiwani.

Miaka kadhaa baadaye nilipata kazi ya kupiga picha za uvuvi wa dagaa usiku. Mnaijua kazi ile kuliko mimi: usiku wa giza, mwezi haupo, taa zinawekwa juu ya maji, dagaa wanafuata mwanga, wavu unazungushwa. Mwezi ukiwa mpevu hakuna kazi, watu wanashona nyavu. Nikafika kambini na mabegi yangu mawili. Nahodha akanitazama. Akatazama mabegi. Akasema mwanamke hapandi mtumbwi wake, dagaa watakimbia.

Ningefanya nini? Kugombana naye? Kumpigia tajiri wake simu Mwanza amlazimishe? Mtu aliyelazimishwa atakupa mgongo usiku kucha, na mgongo hauna filamu. Nikakaa. Siku tatu nilianika dagaa na akina mama pale mchangani. Kazi naijua, nimelelewa nayo. Kamera ilikaa ndani ya begi. Jioni ya nne nahodha alipita akaniona nageuza dagaa kwa mikono miwili kama wanavyogeuza wenyewe, akasema tu, "Wewe ni wa nani?" Nikamtaja mama yangu. Akasema, "Panda."

Usiku ule, ndugu zangu, ulikuwa wa shida. Taa siwezi kuongeza, nikiwasha yangu nawavuruga dagaa na watu. Lenzi nimeifungua mpaka mwisho, na ikifunguliwa hivyo inaona kwa ukali kipande chembamba kama unene wa daftari: mtu akisogea kidogo ameshapotea kwenye ukungu. Mtumbwi unayumba, na sehemu ya kujisitiri hakuna. Wazee mnisamehe, lakini mabinti waliomo humu lazima walisikie hili: ukiwa kati ya wanaume kwa muda wa saa kumi na moja, hunywi maji tangu mchana. Hilo nalo ni sehemu ya ujuzi.

Wavu ukaanza kupanda. Dagaa wanametameta kama shilingi mpya. Jicho la kulia likasherehekea! Kila aliyewahi kupiga picha za dagaa amepiga hiyo. Lakini la kushoto likaona kitu pembeni kinachokwenda juu na chini, juu na chini. Alikuwa kijana wa miaka kama kumi na saba, ameshika dumu lililokatwa, anachota maji yaliyoingia mtumbwini na kuyarudisha ziwani. Alikuwa akichota tangu tumeondoka. Wenzake wanavuta, wanaimba, wanatukanana. Yeye anachota. Akiacha, tunazama sote, na kamera yangu ya mkopo.

Nikaacha dagaa. Nikakaa kwa yule kijana mpaka mapambazuko. Mwongozaji alipoona picha alikasirika kwanza, akauliza dagaa wako wapi. Baada ya wiki mbili kwenye meza ya uhariri akanipigia: filamu nzima imehamia kwa mchota maji.

Mnaelewa ninachosema? Simaanishi kwamba dagaa hawana maana. Mama zangu hapo mbele msinipige. Nasema jambo kubwa linajitangaza lenyewe na kila kamera italiona. Tangu daraja la Kigongo–Busisi lifunguliwe Juni 2025, kila kijana mwenye droni amelirushia. Kilomita tatu za daraja juu ya ziwa, nani asingelirushia? Nimeona picha za daraja mpaka nimeota daraja. Sijaona hata moja ya akina mama waliokuwa wakiuza chakula kwenye foleni ya kivuko, foleni ambayo sasa haipo. Wameenda wapi? Nani amewafuata? Na hilo halihitaji droni, wala kibali cha Mamlaka ya Usafiri wa Anga. Linahitaji nauli ya daladala.

Sasa mwanga, nitapita haraka kwa sababu hili linafundishika. Vitabu vingi vya kazi yetu vimeandikwa Ulaya na Marekani, na vinakuahidi saa nzima ya mwanga wa dhahabu kabla jua halijazama. Hapa tuko nyuzi mbili na nusu tu kusini mwa Ikweta. Jua letu linaanguka wima, kama embe. Ukifika Capri Point saa kumi na mbili na nusu jioni unaanza kutafuta tripodi, umechelewa. Pili, umeme wetu ni wa hezi 50. Wateja wa Marekani wanataka fremu 30 kwa sekunde kwa sababu umeme wa kwao ni wa 60. Ukiacha shata, yaani muda wa kila picha kupokea mwanga, kwenye moja ya sitini ya sekunde ndani ya duka lenye taa za mirija, picha yote inapepesa. Weka moja ya hamsini au moja ya mia. Nililijua hilo baada ya kuharibu mahojiano ya siku nzima, kwa hiyo ninyi mmelipata bure.

Tatu ni nyuso zetu. Hapa nitasimama kidogo. Mvuvi mweusi, nyuma yake ziwa linawaka: ukiiachia kamera ijiamulie yenyewe, itapima mwanga wa ziwa na kumfanya mvuvi kivuli. Huko nyuma kampuni ya Kodak ilipeleka kwenye maabara za kusafishia picha kadi za kupimia rangi, na juu ya kadi kulikuwa na mwanamke mweupe. Mafundi waliziita kadi za Shirley. Ngozi yake ndiyo iliyokuwa kipimo. Kamera za leo zimeboreka sana, lakini mazoea ya watu hayaboreki kwa kasi hiyo. Bado nakutana na vijana wetu wenyewe wanaopima anga kwanza. Pima uso! Anga likiungua, liungue. Hakuna aliyewasha televisheni kutazama anga.

Sasa vipindi vya uhalisia. Nani hapa hakumshangilia Idris Sultan mwaka 2014 aliposhinda Big Brother Africa, lile shindano la kufungiwa nyumba moja? Mwaka 2007 alishinda Richard Bezuidenhout, Mtanzania pia. Tunawajua washindi. Je, mnajua kwamba ndani ya nyumba kama zile wapo watu wanaotembea gizani nyuma ya vioo, na kamera, wasiokohoa? Kioo upande wao ni dirisha, upande wa washiriki ni kioo cha kujitazamia. Mshiriki anajichana nywele mbele ya pua ya mtu asiyemwona.

Mimi sijafanya nyumba ile. Nilifanya ndogo yake, mashindano ya biashara ya vijana, kituo sikitaji. Watu husema vipindi hivi havina mswada, kwa hiyo havina mpango. Vina mpango mpaka unachoka! Sikioni una sauti ya prodyuza: "Kamera ya pili, nenda kwa Fulani. Kamera ya tatu, kaa kwa anayelia." Unatii, maana yeye anaona skrini nane na wewe unaona moja. Lakini hakuna sauti ya sikioni inayojua kinachotaka kutokea hatua mbili kutoka ulipo. Siku moja washiriki wawili waligombana juu ya hesabu za fedha. Kamera zote zikamvamia anayepiga kelele. Mimi nilibaki kwa yule anayekaripiwa, kwa sababu kwa jicho la kushoto nilimwona ameanza kutabasamu. Alikuwa amezificha zile fedha yeye. Tabasamu lile ndilo lililobeba kipindi.

Ningeishia hapo mngepiga makofi. Lakini kuna sehemu ya pili. Prodyuza aliona maiki ya mmoja wao ilikatika katikati ya ugomvi. Akaniambia, wewe wanakuamini, waambie warudie. Na mimi, jamani, niliwaambia. Nilikuwa nadaiwa kodi ya miezi miwili. Wakarudia. Wakagombana vizuri zaidi, kwa mpangilio, kila mtu akimsubiri mwenzake amalize. Kiliporushwa nilikuwa hotelini Nyakato nakula wali, televisheni iko juu ya friji. Mama aliyekuwa akifuta meza akatazama nusu dakika akasema, "Hawa wanaigiza." Akaendelea kufuta meza. Wali ulinishinda.

Tuseme na fedha, maana naona wazazi mnanisubiri. Inalipa? Inalipa kwa siku, si kwa mwezi. Kuna miezi ya siku ishirini na kuna miezi ya siku mbili. Chukua nusu kabla hujapanda gari. Andika karatasi hata kama mteja ni mjomba wako, hasa kama ni mjomba wako. Malipo ya mtu na malipo ya kukodisha kamera yaandikwe mistari miwili tofauti, la sivyo siku wakija na kamera yao watakulipa nauli. Kibali cha Bodi ya Filamu, uliza mapema kimeshughulikiwa na nani, kwa sababu polisi watamsimamisha aliyeshika kamera na siyo aliyeshika bajeti. Picha za siku zinakiliwa mara mbili usiku uleule, diski moja kwako na nyingine chumba kingine. Na mgongo. Hakuna bima ya mgongo. Mimi sasa nikiinama kuchukua sabuni, nafikiria kwanza. Basi, fedha zimeisha, kama kawaida yake.

Wapo hapa watakaoniuliza habari ya ile filamu. Kila ninapozungumza Mwanza naulizwa. Mwaka 2004 Hubert Sauper, Mwaustria, alitoa Darwin's Nightmare, iliyopigwa hapahapa kwetu, juu ya sangara, viwanda vya minofu na ndege za mizigo. Ikafika mpaka kuwania Oscar mwaka 2006, na mwaka huohuo Rais Kikwete akaikemea hadharani, na mji huu uliandamana. Nimeitazama mara nne. Mara ya kwanza kama mtoto wa Igogo, na nilitaka kuivunja televisheni. Mara tatu zilizofuata nilitazama mikono. Sauper mwenyewe ndiye aliyeshika kamera. Angalieni alivyokaa karibu na watu, saa za usiku, mpaka wakazungumza kama hayupo. Huo ni ujuzi, na nikisema siuonei wivu nitakuwa mwongo. Bado inaniuma. Yote mawili. Miaka ishirini na zaidi imepita, na mji wenye mafundi wa kamera wote hawa unajibu filamu ile kwa maneno. Hivi tunangoja nini?

La mwisho sikulipanga, lakini nimewaona watu wa Ukerewe mmekaa pale.

Tarehe 20 Septemba 2018 kivuko cha MV Nyerere kilipinduka karibu na kisiwa cha Ukara, Ukerewe. Zaidi ya watu mia mbili walifariki. Hamhitaji kusimuliwa. Nilitumwa na ofisi moja, nikafika kesho yake. Ufukweni kulikuwa na watu wengi na sauti chache. Nikaweka kamera begani, nikafanya kazi. Nasema kweli, nilifanya kazi vizuri, mkono haukutetemeka. Jicho la kulia likiwa kazini linakukinga, ndiyo siri yake. Unaona ukali wa picha, unaona mpaka wa fremu, huoni kitu kingine.

La kushoto likamwona mtoto. Miaka saba, minane. Hakuwa akitazama maji wala watu waliobebwa. Alikuwa ananitazama mimi, ametulia. Nikashusha kamera kidogo nimsalimie. Akaniuliza, "Shangazi, hiyo inaona mpaka chini ya maji?"

Nikamwambia hapana.

Akaitikia kwa kichwa, akaenda. Sikumuuliza alikuwa anamtafuta nani. Kamera sikuinyanyua tena siku ile. Ofisi iliyonituma ilinikata malipo, na kwa mkataba walikuwa na haki. Mwenzangu wa kituo kingine aliendelea kupiga, na picha zake zilisaidia nchi nzima kuelewa ukubwa wa jambo lile. Simlaumu hata kidogo. Sijui kama mimi nilikuwa sahihi. Nilirudi Ukara mwaka 2021 kwa kazi nyingine, nikaulizia mtoto wa namna ile. Kila mtu alinitajia mtoto tofauti.

Yupo mpigapicha Mmarekani, Kirsten Johnson. Mwaka 2016 alitengeneza filamu nzima kwa mabaki ya picha alizowapigia waongozaji wengine katika miaka kama ishirini na mitano. Humo ndani kuna mahali anapiga chafya na picha yote inaruka. Hakuikata. Nilipoiona nilicheka peke yangu gizani, nikakumbuka kofi la yule mzee wa harusi. Yangu mabaki yako kwenye sanduku chini ya kitanda, diski kumi na nne. Ya siku ile ya Ukara imo. Inaishia kwenye mchanga na vidole vya miguu yangu.

Muda umeniishia, mwenyekiti ananionyesha saa. Maswali tutaulizana nje. Ile pale mezani ni kamera ile ile ya usiku wa dagaa. Mkopo wake nilishaumaliza. Njooni mmoja mmoja muinyanyue, msiogope, ina bima yake ingawa mimi sina. Binti wa gauni la kijani huko nyuma, wewe ambaye hukulifumba jicho nilipowaambia mfumbe, nimekuona. Anza wewe.